Rufaa ya Amana Niliyoiondoa Mwenyewe

Jamani, mume wangu alinisaliti kwenye korido ya mahakama, tukisubiri kuitwa ndani.

"Wiebke," akasema, "tuiondoe rufaa."

Nikamwangalia. Mwaka mzima nimehangaika na kesi hii, leo ndiyo ananiambia?

"Unaumwa, Torben?"

"Mama alikuwa anafunga madirisha."

Wadau, hapa mjini Oldenburg mkataba wa nyumba unakutaka ufungue madirisha kila asubuhi, hata kwenye theluji, ukuta upumue. Mimi nilifungua kila siku ya Mungu. Lakini chumba cha mama mkwe kikaota ukungu, na tulipohama, mwenye nyumba, Bwana Harms, akaikalia amana yetu yote, pesa tuliyoweka kwake wakati wa kuingia. Alidai hatukuwa tunafungua. Mahakama ya kwanza ikamwamini yeye, nikakata rufaa. Nilitaka pesa yetu, na nilitaka jaji aseme mimi si mwongo.

"Umejua lini?"

"Tangu tukiwa kule. Ukienda kazini tu, anafunga. Anasema joto lote linatoka nje, bili itatuua."

"Na ukaniacha nikakata rufaa?"

"Nilidhani tutashinda..."

Nilichoka. Hata hasira sikuipata.

Mama Gesine, mama mkwe wangu, alikuwa kwenye benchi, kavaa koti lake la misibani, mkoba mapajani. Ndiye shahidi wetu pekee. Nikaketi karibu yake.

"Mama, jaji akikuuliza madirisha?"

"Yalikuwa wazi."

"Akikuapisha?"

"Nitaapa. Wewe ni mwanangu. Mimi na Mungu tutamalizana wenyewe."

Huyu ni mama asiyedanganya hata kwenye karata.

Tukaitwa. Nikasimama kabla wakili wangu hajafungua faili.

"Mheshimiwa, naiondoa rufaa."

Wakili akanitolea macho. Gharama zote zikawa zetu, hadi za wakili wa Harms. Mlangoni Harms mwenyewe akaninong'oneza, "Si nilikwambia mapema hamkuwa mnafungua, Bi Wiebke?"

Mama nikamwambia tu kwamba nimeona kesi haina nguvu.

Jumapili ndugu wakaja kwa chai na keki ya siagi. Mama akaanza.

"Kunguru huyu! Mimi nimevaa, nimejiandaa, yeye kakimbia. Ningekuwa mimi, Harms angeitapika ile pesa."

Mawifi wakacheka. Torben akainamia kikombe chake.

Neno lilinifika mdomoni, jamani. Lilifika kabisa...

"Ni kweli, Mama," nikasema. "Niliogopa."

Akanihurumia, akanikatia kipande cha keki kikubwa kuliko cha mtu yeyote mezani.

Wadau, ukimsitiri mtu halafu ukamdai shukrani, hujamsitiri. Umemkopesha.

Torben yeye bado analala sebuleni. Kumsitiri yeye bila kumdai, sijafika huko.