Njaa ya Mama Vilma

Mama Vilma hakuwa ametamka neno tangu Pasaka, alipopooza upande mmoja. Kwa hiyo mchana ule supu yake ilipochelewa, mwanawe Barnabás alishtuka kumsikia akiimba kwa kuguna, midomo imefumbwa, wimbo ambao hakuna mtu Budapest aliyewahi kuusikia. Chumba kilinuka nywele zilizoungua.

Barnabás alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu, na waongozaji walikuwa wameshamchoka. Aliziandika nota zote. Supu ilipofika, mama akameza kijiko cha kwanza, na wimbo ukakatika.

Filamu aliyoutilia wimbo ule iliwatoa watu ukumbini wakilia. Simu zikaanza kumiminika. Barnabás naye alikuwa ameshaelewa: kilichomo ndani ya mama huimba mama akiwa na njaa. Akamnyima mlo mmoja, kisha miwili. Binti yake Emőke, mwenye miaka tisa, alipouliza, aliambiwa daktari amemkataza bibi chakula.

Kufikia filamu ya tano Barnabás alikuwa na tuzo kabatini, na mama alikuwa mifupa iliyovikwa ngozi, na ile sauti, iliyoanza kama mguno wa bibi kizee, sasa ilitoka kifuani mwake kama watu wengi waliofungiwa shimoni, ikitambaa ukutani, ikitetemesha vioo vya madirisha, huku macho ya mama mwenyewe yakimfuata mwanawe toka kitandani hadi mezani, yakiomba.

Piroska, dada yake Barnabás, alipofika kutoka Szeged, alifunua shuka, akaona mbavu. Hakupiga kelele.

"Kaka," alinong'ona, "unamla mama?"

Barnabás akajibu kwamba imebaki filamu moja tu, na wimbo mmoja wa mwisho, wa kurekodiwa Alhamisi. Piroska akatoka, akarudi kesho yake na Rozália, mganga wa huko kijijini kwao.

Rozália aliwalisha kwanza wote waliokuwemo mkate na mafuta ya nguruwe, hata Barnabás. Kisha akafukiza majani, akamnywesha mama maziwa ya moto, kijiko baada ya kijiko, na kile kitu kikabweka, kikalia kama kichanga, kikawatukana kwa majina yao ya utotoni, harufu ya nywele ikawakaba koo, hadi kikombe kilipopasuka mkononi mwa mganga na kimya kikatanda.

Mama Vilma akamtazama mwanawe.

"Barna," alisema, "umekula?"



"Kimemtoka, lakini bado kimo chumbani," Rozália aliwaambia kwa sauti ya chini. "Mpaka jua lizame, mwenye njaa asivuke mlango huu. Kikikosa mtu wa kumwingia, kitakwenda zake."

Wakamzungushia mama blanketi, wakamteremsha hadi kwenye teksi. Barnabás alisema atawafuata. Akabaki kitandani pa mama, masikio wazi, wala hakusikia chochote. Saa tisa. Jumatano.

Ndipo viatu vya shule vikapanda ngazi.

"Baba?" Emőke aliita kutoka ukumbini. "Kuna chakula? Njaa inaniuma."



"Kipo, mwanangu," Barnabás akasema, akainuka kumfungulia. "Ingia kwanza huku."