Maneno ya Jikoni Kwetu

Yowe lilipenya ukutani, refu, likaishia na kikohozi. Mpambaji hakushtuka. Aliendelea kukoroga rangi nyekundu kwenye sukari iliyochemshwa, iwe damu ya filamu.

"Anakufa tena," alimwambia mshona nguo.

"Umemjuaje?"

"Niliwahi kuwa mke wake. Hata akiuawa na zimwi, lazima akohoe."

Bendi ya huyo mume ilipovunjika, filamu za kutisha za bei poa zilimwokota yeye, Tarumbeta, aliyeitwa kwa jina la chombo chake. Hakuigiza mtu mwingine. Aliingia kama yeye mwenyewe, akapuliza wimbo mmoja, kisha zimwi au maiti inayotembea ikammaliza. Watu wakikutana naye sokoni walimpa pole ya msiba wake mwenyewe.

Mlango ukafunguka. Tarumbeta akaganda kizingitini, shati limelowa damu ya sukari.

"Bibie. Sikujua ni wewe."

"Keti. Nimeitwa kupaka, sikuitwa kupiga soga."

Vidole vya mpambaji viliukumbuka ule uso: kovu la nyusi, midomo iliyokomazwa na tarumbeta. Enzi zile, akimpaka, mume alimpigia mluzi nyimbo za dansi mpaka rangi ikaenda upande, wakacheka wote.

"Umenenepa," alisema Tarumbeta.

"Na wewe umezeeka. Tusichokozane."

"Bado una hasira?"

"Ulinianika. Maneno uliyonichumbia jikoni, mikono yangu ina unga, ukampa binti wa watu mbele ya kamera."

"Mwongozaji alisema nimchumbie kama mimi. Sikupewa ya kusema. Nikasema niliyokuwa nayo."

"Yalikuwa yangu. Sasa kila kijana mtaani anachumbia nayo. Nikiyasikia, naona nimeibiwa."

Simu ya Tarumbeta ikawaka mezani. Wote wawili wakausoma ujumbe wa mwongozaji: "Mzee, kipande cha mwisho rudia yale maneno ya uchumba. Watu wanayataka."

Mpambaji akaweka brashi chini. "Haya, nenda kayauze tena."

Tarumbeta akampigia mwongozaji, spika wazi, wote wasikie.

"Kaka, siyasemi."

"Usinitanie. Watu wanakuja kukuona wewe ukiwa wewe."

"Nipe mtu mwingine nimwigize. Fundi saa, mganga, hata maiti."

"Kuigiza hujui, mzee wangu. Bila maneno hayo huna filamu. Hii wala zijazo."



"Basi sina," akasema Tarumbeta, akakata simu.

Akaanza kujifuta damu kwa taulo. "Nimekufa hovyo miaka yote. Leo ndiyo nimekufa kweli."

"Utakula nini, mwanamume wewe?"

"Nitafundisha watoto kupuliza."

Mpambaji akamnyang'anya taulo, akamfuta shingoni, pale asipofika mwenyewe.

"Nirudi nyumbani?"

"Sijasema."

"Hujakataa."

"Ahidi kwanza. Kwa sauti, mshona nguo asikie."

Tarumbeta akasimama, akamshika mikono iliyojaa rangi.

"Nakuahidi, mke wangu. Ya ndani kwetu, yawe matamu au machungu, kamera haitayasikia tena. Watu wachukue tarumbeta. Mdomo wangu ukishalitua, ni wako."