Nyota Mia Nne za Kidole

Kila Jumatatu na Alhamisi, baada ya mapumziko, wanafunzi wa darasa la sita walivua viatu mlangoni na kuingia chumba cha vishikwambi. Viti havikutosha, na nyaya za chaja zilikuwa zimesokotana kiasi cha kumtia mtu wazimu. Hayo hayakumhangaisha Kidole. Wenzake walimpa jina hilo kwa sababu alibonyeza kioo kama kuku anayedonoa mtama. Swali likitokea, papo hapo amejibu. Akikosea, anabonyeza jibu jingine. Akipatia, kengele inalia na nyota ya manjano inaruka.

Kufikia katikati ya muhula alikuwa na nyota mia nne na kumi na mbili. Jirani yake, msichana aliyeitwa Taratibu, alikuwa na thelathini na saba. Kumtazama Taratibu akifanya kazi kulichosha: anasoma, anachora, anakunja karatasi, anafuta, ndipo anabonyeza.

"Wewe nawe utazeekea kwenye swali la tatu!" Kidole alimcheka.

Siri ilikuwa hii. Maswali yalikuwa yaleyale kila wiki, kwa mpangilio uleule, na majibu hayakuhama mahali pake. Kidole alikariri mahali tu. Hili liko juu, lile katikati. Swali lenye neno "robo" jibu lake lilikuwa kumi na sita, chini kabisa. Robo ya nini? Hakuwahi kusoma swali hadi mwisho.

Mwalimu wa hisabati alihesabu nyota, akatangaza kwamba siku ya wazazi, Ijumaa, Kidole ndiye atakayewafundisha wazazi somo la sehemu, yaani nusu, robo na kadhalika. Mama yake, fundi cherehani, alimsimulia kila mteja aliyekanyaga kizingiti.

Jumatano mchana mama alitandika mezani kitambaa cheupe. Ilikuwa sare ya nesi, naye angekuja kuichukua asubuhi akienda kazini. Mara mteja mwingine akabisha hodi.

"Mwanangu, nisaidie," mama alisema. "Kifuani ni sentimita tisini na sita. Kitambaa nimekikunja, kina tabaka nne. Pima robo, ongeza mbili za mshono, ukate. Si wewe ndiye bingwa?"

Kidole alivimba kichwa. Robo! Kumi na sita, ongeza mbili, kumi na nane. Akachora kwa chaki, akakata bila kusita.

Mama aliporudi alikikunjua kitambaa, akakitazama, akakigeuza, akakitazama tena.

"Hii nguo ya nani?"

"Ya nesi, mama."

"Nesi gani, wa kutibu midoli? Robo ya tisini na sita ni ngapi?"

"Kumi na sita."

"Nani kakwambia?"

"Kishikwambi."

"Kishikwambi ndicho kilichompima nesi?" Mama alijishika kichwa. "Hebu fikiri tena."

Kidole alikodoa macho. "Mama, nitajie majibu matatu nichague."

"Majibu matatu niyatoe wapi, kwenye mkasi? Ee Mungu wangu, mtoto huyu!"

Mama alichukua tepu, akaikunja hadi mwanzo wake ukakutana na tisini na sita, kisha akaikunja mara ya pili. "Soma hapo."

"Ishirini na nne," Kidole alisema kwa sauti ndogo. Kisha akaichukua tepu mwenyewe, akapima kumi na sita mara nne. Ikaja sitini na nne. Kumbe! Wiki zote zile alikuwa akijibu robo ya sitini na nne bila kujua. Aliona haya, na hasira pia.

"Sasa tumepungukiwa na sentimita ngapi?" mama aliuliza. "Usinitazame usoni, huku hakujaandikwa majibu."

Kidole alihesabu kwenye karatasi. Mara ya kwanza alikosea, ya pili akakosea, mama akashusha pumzi kwa nguvu. Mara ya tatu akapata: thelathini na mbili, yaani kumi na sita kila ubavu, na nne za mishono, kila kipande ishirini. Mama alitia vipande hivyo ubavuni. Sare ilikaa vizuri, ila kitambaa cha mifuko ndicho kilichotumika.

"Mifuko utamweleza nesi wewe," mama alisema. "Na Ijumaa utawafundisha wazazi nini, kubonyeza?"

Alhamisi asubuhi, baada ya kumwomba nesi radhi, Kidole alimwendea mwalimu. "Mwalimu, zile nyota sikuzipata kwa kuelewa. Nimekariri mahali majibu yalipo."

Mwalimu hakuamini. Aliwasha kishikwambi, akafunika maswali kwa daftari, akaacha majibu tu. Kidole akabonyeza mara tano, nyota tano zikaruka.

"Yaani hata swali hukuliona!" Mwalimu alilitupa daftari mezani. "Na mimi tangu muhula uanze nazihesabu, natamba ofisini!"

Siku hiyohiyo alibadili utaratibu. Wanafunzi wawili kwa kishikwambi kimoja. Mmoja aeleze jinsi alivyopata jibu, na mwenzake akielewa ndipo abonyeze. Kidole aliwekwa na Taratibu, na kipindi kizima walipata nyota mbili.

Ijumaa Taratibu ndiye aliyesimama mbele ya wazazi na karatasi zake za kukunja. Mama mmoja aliuliza kwa nini, akajibiwa. Baba mmoja akauliza tena, naye akajibiwa. Kidole aliketi nyuma akiuma mdomo. Iliuma kweli.

Wazazi walipoondoka, mwalimu alimwita.

"Ungenyamaza, leo ungesimama wewe," alisema. "Na kwa swali la yule mama ungebaki unatafuta pa kubonyeza. Kishikwambi kinajua umegusa wapi. Umefikiri nini hakijui, na mimi sikukuuliza, hilo ni kosa langu. Lakini ukielewa jibu, unaweza kulitumia hata mezani kwa mama yako. Ukikariri mahali pake tu, siku likihamishwa huna kitu."