Mgeni Mwenye Tai Katika Zizi la Dut

Jumatatu, tarehe tisa Machi 1998, saa tisa na dakika kumi alasiri, Mama Nyariek aliinama mbele ya kompyuta ya tatu katika kituo cha mafunzo cha Kakuma ili amsalimu mwanawe Dut, akamkuta mzungu. Mzungu mwenyewe alikuwa na nywele za manjano na tai nyekundu. Alisimama katikati ya zizi, mahali pa Dut, mkono wake juu ya maksai wa Dut, akitabasamu kama mwenyeji.

Mama hakupiga kelele. Alikaa chini kwenye sakafu ya saruji, akajifunika uso kwa leso, na tangu saa ile hakutia chakula kinywani.

Habari zilimfikia Chepkirui mjini Lodwar kesho yake kwa simu ya redio. Chepkirui alikuwa fundi wa kompyuta katika ofisi moja ya serikali, mwanamke wa Bomet aliyezoea kuitwa watu wakishamaliza kuharibu. Mara moja kwa mwezi alikwenda Kakuma kutazama mashine za kituo, kwa hiyo aliijua familia ile. Jumatano asubuhi, akifunga mkoba wake, mwenzake Cornelius alimtania.

"Ukifika huko uniulizie dawa ya uzee. Ijumaa kuna kijana mrefu alipita hapa, bado ana roli la waya begani. Ananiuliza eti mtu wa ndani ya kompyuta anaweza kuzuiwa asizeeke. Nikamwambia akiipata, mimi ndiye wa kwanza kununua."

Chepkirui alicheka, akapanda lori la mahindi.

Barabara ya Kakuma ina tabia ya kumlaza mtu macho wazi. Mchanga ulipanda na kushuka, maji yasiyokuwepo yalimetameta mbele ya lori na kurudi nyuma kila walipoyakaribia, na ngamia walining'inia hewani bila miguu. Chepkirui aliyatazama hayo yote akimuwaza mzungu wa zizini, hata akashindwa kujua kipi ni cha kweli zaidi. Saa sita na nusu mchana walifika.

Mlinzi wa kituo, Lomunokol, alimfungulia lango kwa salamu ya Kiturkana.

"Ejok, madam."

"Ejok-noi. Mama yuko wapi?"

"Huyo hapo kivulini. Amekuwa mawe."

Ayen, bintiye Nyariek, mwalimu wa kuchapa, alimkaribisha ndani. Mchezo wenyewe ulikuja na kompyuta za msaada. Ndani yake watu wadogo hupika, hulala, huoana na kuzeeka, saa moja ya kucheza ikiwa mwaka wao mmoja. Walikuja wakiwa wazungu tupu, wenye nyumba za bustani. Lakini kitabu chake kilieleza kwamba mchezaji anaweza kuchora watu na vitu vyake mwenyewe, akavihifadhi kwenye disketi, kisha akavinakili katika folda ya mchezo. Basi Ayen alikaa miezi mitano akichora nukta kwa nukta: nyumba za kwao za nyasi, zizi, moshi wa mavi makavu, marehemu baba yake Malual, mama yake akiwa kijana, na kaka yake mkubwa Dut, aliyepotea mwaka 1991 walipokuwa wakikimbia kutoka Ethiopia. Hakuna aliyeuona mwili wake. Picha yake ya kweli haikuwepo popote duniani. Uso ule wa nukta ulikuwa ndio pekee, nao ulitoka kwenye kumbukumbu ya msichana aliyekuwa na miaka kumi na mitano.

"Faili ya mtu ikikosekana," Chepkirui alisema, "mchezo haulalamiki. Unampa sura ya kwanza inayopatikana."

"Najua, madam. Nikasema nitairudisha kwa disketi. Na disketi haiko."

Ayen alifungua kopo la mafuta ya kupikia. Ndani mlikuwa na disketi tano. Zilipaswa kuwa sita. Hazikuandikwa neno. Juu ya kila moja palipakwa rangi tu: kahawia, kijivu, nyeupe, nyeusi yenye doa jeupe, na kadhalika.

"Hizi ni rangi za ng'ombe. Kwetu kijana anapewa maksai wake, rangi yake inakuwa kama jina lake. Mama nilimpa kahawia, rangi ya ng'ombe wa mahari yake. Ya Dut ilikuwa nyekundu yenye mgongo mweupe."

"Mara ya mwisho Dut alionekana lini?"

"Jumamosi, saa kumi na nusu. Alikuwa na miaka sitini na tisa ya mchezo. Jumapili kituo kimefungwa."

"Nani aliingia Jumapili?"

Walioweza kuingia walikuwa watatu. Lomunokol ana ufunguo. Bwana Ochola, mkuu wa kituo, ana mwingine. Naye Kuol, ndugu mdogo wa Ayen, hupita chumbani kila Jumapili asubuhi kuunganisha waya wa spika za kanisa na jenereta.

Chepkirui alianza na mlinzi, kwa sababu alisikia waligombana na Ayen.

"Kweli tuligombana," Lomunokol alisema. "Mimi naambia yeye, chora ng'ombe yangu pia, ile ya pembe ya kupinda. Yeye nasema nafasi hakuna. Lakini madam, mimi nikiiba, naiba ng'ombe. Picha ya mtu nitapeleka wapi? Nitakamua?"

Ochola alikuwa mtu wa shati lililopigwa pasi hata katika joto lile. Ubaoni mwake kulikuwa na maandishi makubwa: KOMPYUTA SI SINEMA.

"Bwana Ochola, si ulisema utaufuta mchezo?"

"Nilisema, na nitasema tena. Watu wanalia mbele ya mashine za kujifunzia hesabu! Lakini mimi, madam, nikifuta nafuta yote. Sifanyi kazi nusu nusu."

Jibu hilo lilimkaa Chepkirui moyoni. Aliyefanya hivi aliacha nyumba, ng'ombe na baba, akamtoa mtu mmoja. Akaziweka disketi tano mezani, akamwomba Ochola amwonyeshe ya mama. Ochola aliinua ya kijivu. Lomunokol, anayejua rangi za mifugo kuliko mtu yeyote pale, alizitazama kwa upendo mkubwa, akachagua nyeusi kwa kuwa ilimpendeza. Wote walikosea.

"Asanteni," alisema. "Mmenisaidia sana." Wakatazamana kwa mshangao.

Alimkuta Kuol nyuma ya kanisa, akizungusha waya mpya mweusi kwenye kiwiko chake. Alikuwa kijana mrefu wa miaka ishirini na mmoja.

"Waya mzuri. Umeutoa wapi?"

"Lodwar, madam. Ijumaa."

"Na habari ya Dut?"

"Hiyo mambo ya picha mimi sijui. Mimi nilipita kuweka waya tu."

"Hata hutazami?"

"Sitazami kabisa."

Chepkirui alirudi kwa Ayen, akamuuliza jambo lililoonekana la kirafiki tu: Kuol anaoa lini? Mwezi ujao, Ayen alijibu kwa furaha, anamwoa Nyamal, ng'ombe wameshaahidiwa.

"Na kama ingejulikana kwamba Dut amekufa?"

Furaha ikamtoka Ayen. Alitazama mlango kabla ya kujibu.

"Kaka mkubwa akifa bila kuoa, mdogo wake anamwolea kwanza. Bibi anakuwa wa marehemu. Watoto wanaitwa kwa jina la marehemu. Lakini mama hajasema Dut amekufa. Miaka saba hajasema. Ndiyo sababu Kuol anaruhusiwa kuoa kwa jina lake."

Chepkirui alifungua kitabu cha mchezo, ukurasa wa uzee. Mtu wa mchezoni akifikisha miaka sabini, kilisema, aweza kufa siku yoyote.

Saa tisa alasiri aliwakusanya wote chumbani. Jenereta ilinguruma nje, pazia lilipumua polepole, na joto lilifanya sauti za watu zisikike kama zinatoka chumba cha pili. Mama Nyariek aliketi mbele ya kompyuta ya tatu, leso bado usoni.

"Mwizi alijua rangi ya maksai wa Dut," Chepkirui alisema. "Kwa hiyo si Bwana Ochola, wala si Lomunokol. Hakumchukia mtu, maana hakuharibu kingine chochote. Na siku mbili kabla alikuwa Lodwar, roli la waya begani, akimuuliza mwenzangu kama mtu wa kompyuta anaweza kuzuiwa asizeeke. Kuol, mtu asiyetazama alijuaje kwamba Dut anazeeka?"

Kuol alifungua Biblia yake, akatoa disketi nyekundu yenye mgongo mweupe, akaiweka mezani taratibu.

"Sikuitupa," alisema. "Ningetupaje ndugu yangu? Lakini alibaki na mwaka moja. Akikufa hapo ndani, mama atamlilia. Akimlilia, amekubali. Na akikubali, Nyamal si bibi yangu tena. Nitalala kwa nyumba yangu na nyumba ni ya Dut. Mtoto wangu ataniita baba, na mimi si baba." Aliisogeza disketi mbele ya mama yake. "Tangu nizaliwe nabeba nguo zake. Nilitaka kitu moja tu iwe yangu."

Ayen alimtafsiria mama yake neno kwa neno, machozi yakimtoka. Mama Nyariek aliondoa leso. Akasema kwa lugha yao, na Ayen akafuatisha.

"Anasema: ulidhani sihesabu? Kila siku nahesabu. Anasema umenitia mgeni zizini, siku tatu, kwa kuogopa kuniuliza."

Kuol alipiga magoti.

Chepkirui alitia disketi, akanakili faili katika folda ya watu, akaufungua mchezo upya. Mzungu akatoweka. Dut alikuwa pale, mvi kichwani, mkono juu ya maksai. Mama aligusa kioo kwa kidole. Lomunokol alimletea maziwa, akayanywa bila kuondoa macho pale.

"Mwambie naweza kuanza kijiji upya," Chepkirui alisema. "Dut atakuwa na miaka ishirini."

Mama alitikisa kichwa.

"Anasema wa miaka ishirini anamjua. Hajawahi kumwona mzee." Ayen alisikiliza tena, akashangaa. "Anasema nichore msichana. Mrefu, mwenye pengo la meno ya mbele. Dut ataoa humu, kwa ng'ombe wake mwenyewe. Kuol ataoa huko nje, kwa jina lake."

"Na wazee wa ukoo watakubali?" Kuol aliuliza.

"Anasema waje hapa, atawaonyesha bibi harusi."

Ayen alichora kwa saa nzima, mama akimsahihisha shingo na mabega. Ochola mwenyewe, mtu wa KOMPYUTA SI SINEMA, alikwenda kuongeza mafuta ya jenereta. Msichana alinakiliwa katika folda, akatokea mlangoni mwa nyumba ya nyasi, na Dut akamwendea kwa mwendo wake wa kizee. Walioana saa kumi na robo. Saa kumi na moja kasorobo mtoto alizaliwa, na mchezo ukauliza jina lake.

"Malual," Mama Nyariek alisema. "Malual Dut."

Saa kumi na moja na dakika ishirini Dut alilala karibu na zizi, hakuamka. Jiwe dogo jeupe likatokea alipokuwa. Ndipo mama alipopasua kilio, kilio kirefu cha miaka saba, hata watu wa foleni ya maji wakaja madirishani, na Kuol akamkumbatia kutoka nyuma asianguke.

Alipoweza kusema, alimgeukia Chepkirui, akanena maneno machache.

"Anasema asante," Ayen alitafsiri. "Anasema safari hii Dut alipolala, yeye alikuwepo."