Gauni Lililofumuka Kwenye Televisheni

Walikutana kwenye duka la vitambaa, Jumamosi, watu wakisukumana kaunta nzima. Mshonaji, ndani ya gauni la njano alilojishonea mwenyewe, alimsikia kijana mwenye shati lililokunjamana akimwambia muuzaji, "Nataka kitambaa cheupe kinachotisha."

"Kaka, wenzio wanatafuta cha harusi!" mshonaji alimdakia, kicheko kikamponyoka.

Kumbe ndiye mtengenezaji wa zile filamu fupi za usiku wa manane kwenye televisheni: milango inayopumua, viti vinavyolia, kisa hakuna. Mshonaji alizitazama akiwa amejifunika shuka hadi puani, lakini mtengenezaji mwenyewe alimpenda hadi basi. Mwaka haujaisha, akamshonea gauni jeupe la filamu mpya bila kuambiwa lina kazi gani.

"Alhamisi usilale, laazizi," kijana alimpigia simu. "Ya wiki hii ni yako."

"Nikiota vibaya utanibembeleza wewe."

Alikesha. Akaona sanamu la dukani, halina kichwa, limevaa gauni lake na pete kidoleni. Mpenzi wake akalivua pete, akatoka kinyumenyume, mlango ukajifunga. Kisha gauni likaanza kufumuka lenyewe, mshono kwa mshono, sanamu likabaki uchi. Mshonaji aliizima televisheni. Mtu kuachwa namna hii, mbele ya nchi nzima!

Siku tatu hakupokea simu. Alishona huku analia, mpaka shangazi yake, mwenye duka la ushonaji, akamwambia anawe uso, wateja wanakuja.

Jumatatu asubuhi kijana aliingia mbio, macho mekundu. "Kosa ni langu. Nilirekodi kinyume ili niigeuze baadaye. Nikawapelekea watu wa televisheni ambayo sijaigeuza!"

"Na pale kituoni hakuna aliyeshtuka?"

"Kwa filamu zangu? Nani angejua?"

Mshonaji alicheka bila kupenda. Kijana akamshikisha simu. Safari hii sanamu lilianza uchi. Nyuzi zikaruka zikajipanga, gauni likatimia, mlango ukafunguka, mpenzi wake akaingia, akapiga goti, akalivisha pete.

Mshonaji alishusha pumzi ndefu.

"Nimekulaani siku tatu, mjinga wewe."

"Nilistahili, mpenzi."

"Na sanamu umelivisha," alisema, akifuta machozi kwa upindo wa gauni la mteja. "Mimi je?"

Kijana akaingiza mkono mfukoni, akapiga goti juu ya vipande vya vitambaa. Shangazi akazima cherehani ili asikie vizuri.