Hereni za Mama Burul

"Nani kamvika hizo hereni?"

Begimai, mhariri wa filamu za Taalai, mchumba wake asiye rasmi, aliirudisha picha nyuma kwenye kompyuta. Saikal, mwigizaji wao mpya, ameinamisha kichwa kwa haya. Mama Burul, mama mzazi wa Taalai huyo, anamvika hereni za fedha zenye marijani. Zilezile ambazo Begimai alikuwa akizisubiri tangu filamu ya kwanza, na hii ilikuwa ya tatu.

Akapiga simu, moyo ukimchemka kama birika.

"Taalai, uko wapi?"

"Tumetoka kijijini Naryn na Mama, tunaingia mjini Bishkek. Umeanza kuhariri picha nilizokutumia, mpenzi?"

"Usiniite mpenzi. Umemchumbia Saikal?"

"Begi, ile ni filamu tu! Mama mkwe anamvika binti hereni. Hadithi umeisoma mwenyewe."

"Hadithi haikusema hereni za mama yako, kwa mkono wa mama yako! Kijiji kizima kimesimama nyuma kinashuhudia. Mkirgizi gani asiyejua kwamba huo ni uchumba?"

"Siku zote naigizisha ndugu zangu. Ningemtumia mama wa nani?"

Begimai akakata simu. Picha bado ilikuwa inaendelea, maana Taalai alikuwa na tabia ya kusahau kuzima kamera. Sauti ya Saikal ikasikika, laini kama siagi:

"Nizivue?"

Kisha ya Taalai: "Usizivue. Zimekupendeza."

Begimai akamwandikia Taalai ujumbe.

"Nimesikia ZIMEKUPENDEZA. Naifuta sehemu yote."

"Usiguse! Huo ndio moyo wa filamu!"

"Na moyo wangu?"

Baada ya muda mlango ukafunguliwa. Mama Burul aliingia na koti lake, Taalai nyuma yake, kamera begani, akihema.

"Hujafuta?" Taalai akauliza.

"Kidole kiko hapa hapa. Zimempendeza, eti?"

"Tulikuwa tunataka kulirudia tukio! Nilikuwa namtia moyo tu."

"Nyamaza wewe," mama yake akamkata. Akatoa kitambaa kifuani na kukifungua. Hereni zikang'aa. "Nilimvua Saikal kabla ya chakula. Bibi yake alishaanza kuchagua kondoo wa kuchinja kwa uchumba."

"Sasa mbona mimi, Mama, miaka yote..."

"Nikuvike wapi, binti yangu? Masikio yako hayana tundu hata la kupitisha unywele! Kila nikitaka kwenda kwenu, huyu ananiambia hutaki."

Begimai akageuka polepole.

"Mimi sitaki?"

Taalai akajikuna kichwa. "Ulisema sindano na ndoa ni mamoja, vyote unaviogopa."

"Ule ulikuwa utani, bwege wewe! Filamu tatu unanitazama usoni, hujui nikitania?"

Begimai akakiondoa kidole kwenye kompyuta, akashusha pumzi.

"Mama, una sindano?"

"Ya kushonea mazulia ya sufu."

"Hiyo itatokea sikio la pili!"

"Basi ninayo ya vifungo. Tutoboe masikio sasa, yakipona twende kwa wazazi wako, nikuvike mbele yao."

Begimai akakaa, akafumba macho. Kwa mazoea, mkono wa Taalai ukaenda kwenye kamera.

"Washa hiyo uone! Weka chini, uje unishike mkono."

Taalai akaiweka chini. Na safari hii alihakikisha imezimwa.