Bosi wa Hatua ya Tisa

Nilikwenda dukani kwa Hemant kutoa fotokopi za mtihani. Ilikuwa mwaka 2004, hapa Kibiti, jua linazama. Hemant alikuwa na kompyuta mbili zenye intaneti. Mbele ya moja alikaa Fikirini.

Nilimdharau mtu yule. Miaka hamsini, ndevu zimeingia mvi, wiki nzima anapigana na mazimwi ya mchezo wa kompyuta pamoja na vijana wa Dar asiowajua!

Lakini dharau yangu ilikuwa ya zamani. Yeye ndiye aliyemwita shangazi yangu Mwantumu, mkunga wa kijiji cha Kiongoroni, mchawi, hadi watu wakamchomea nyumba. Kisha akajifanya mwema, akampakia kwenye boti yake eti anamwokoa. Akarudi peke yake. Alisema amemshusha kisiwani Mafia. Miaka saba ikapita, hakuna aliyemwona.

"Mwalimu Rukaya," akaniita, bila hata haya. "Nisomee. Hatua ya tisa hii, bosi wa mwisho, adui mkuu wa mchezo. Kila nikimuua anainuka. Vijana wanasema siri iko kwenye historia yake, na mimi Kiingereza sikijui."

"Utakijulia wapi?"

Kwenye kioo, mwanamke alisimama katikati ya maji. Nywele zimemfunika uso. Pembeni, maandishi.

Nilisogea ili nimcheke tu.

"Alikuwa mkunga," nikatafsiri. "Wanakijiji wakamgeuka. Mtu mmoja akamchukua kwa boti... akamshusha kwenye fungu la tope, maji yamekupwa. Akamwambia, nisubiri hapa."

Fikirini aliacha kubonyeza.

Harufu ikaja. Tope la mikoko, bichi... ndani ya duka la Kibiti.

"Endelea," akanong'ona.

"Maji yakajaa. Akamwita yule mtu kwa jina. Mara tatu."

Chubwi.

Chini ya meza.

Sikuinama kuangalia.

"Hafi," nikamalizia, "mpaka aliyemwacha aseme alipomwacha."

Mwanamke akainua uso. Nilichokiona sitakisema, mimi si mropokaji. Ila Fikirini alimjibu kama unavyomjibu mtu aliye mbele yako.

"Nyuma ya Kiongoroni... kwenye kijito, penye mikandaa, ile mikoko mikubwa. Nilikuacha hai, wallahi! Ulikuwa hai!"

Jenereta la duka likazimika, giza.

Hemant alipokuja na tochi, Fikirini alikuwa sakafuni, suruali imelowa hadi magotini. Watu walisema amejikojolea. Lilikuwa tope.

Kaka yangu Mtoro alikwenda na polisi kwenye kijito kile. Wakaikuta mifupa, imeshikwa na mizizi. Tukamzika shangazi.

Baadaye nilimwomba Hemant anichapie ile historia. Akanipa karatasi, akinitazama kwa wasiwasi. Niliisoma mara mbili. Malkia wa bahari, analinda dhahabu yake. Basi. Hakuna mkunga. Hakuna boti.

"Mwalimu," Hemant akauliza polepole, "yale uliyasoma wapi?"

Nikaikunja karatasi, nikaondoka.

Fikirini aliomba kuniona mahabusu. Nilikwenda. Alikuwa amepanda juu ya benchi, amejikunyata, miguu ameipandisha kifuani. Sakafu ilikuwa kavu kabisa.

"Nimeshasema yote," akanong'ona, macho yake yako nyuma ya bega langu. "Mwambie aondoke, mwalimu. Maji yananifikia."

Sikugeuka nyuma. Nilimtazama yeye tu, toka ndevu hadi vidole.

"Mwambie mwenyewe," nikamjibu, nikatoka.